Subira kama Fani: Philip Gröning na Ukimya wa Watawa

Aghalabu wahakiki wetu huzipokea filamu za kidini kwa njia mbili: ama huzisifu kwa uchaji wake, ama huzipuuza kwa kuwa ni mahubiri. Njia zote mbili huyaangalia maudhui pekee. Kazi ya Mjerumani Philip Gröning, aliyezaliwa mwaka 1959, yatulazimu kuiangalia fani.

Mwaka 1984 Gröning aliwaomba watawa wa Grande Chartreuse, katika milima ya Alps nchini Ufaransa, idhini ya kupiga filamu ya maisha yao. Walimjibu kwamba wakati haujawadia. Idhini ilikuja baada ya miaka 16 hivi. Akaishi nao takriban miezi sita, peke yake, bila wasaidizi wala taa za kuongeza nuru. Filamu iliyozaliwa humo, Die große Stille (2005), yapita saa mbili na nusu, nayo haina msimulizi wala muziki wa kupachikwa. Twaona theluji, sala, kazi za mikono, na nyuso zikiikabili kamera kimya. Karibu na mwisho, mtawa mzee kipofu anazungumzia Mungu na kifo. Maneno yake yana uzito kwa sababu ya ukimya mrefu uliyoyatangulia.

Dai langu ni kwamba subira ile si kisa cha nyuma ya pazia, bali ni sehemu ya fani yenyewe. Hata katika Die Frau des Polizisten (2013), iliyohusu ukatili wa nyumbani na kutuzwa Venice, Gröning hamharakishii mtazamaji hukumu. Imani, kwake, imo katika namna ya kutazama.

Suala hili lanigusa kama mtafiti wa fasihi simulizi. Nilipokuwa nikikusanya nyimbo za tasnifu yangu, bibi mmoja aliniamuru nizime kinasa sauti kabla hajamwimbia marehemu mwanawe. Nilikizima. Katika tasnifu, wimbo ule una kichwa tu, hauna matini. Mtahini alihoji pengo hilo. Nilimjibu kwamba nalo ni matokeo ya utafiti. Jibu hilo ningali nalishikilia. Wanafunzi wetu hufika kijijini asubuhi na kuondoka jioni na rekodi tele. Tuwafunze pia kwamba mwenye wimbo ana haki ya kusema: bado.