Mkimbiaji wa Tano

Juma hili mzazi mmoja aliniuliza kama yafaa mwanawe, ambaye hajapata kufika wa kwanza, aendelee kuamka alfajiri kukimbia kwenye miteremko ya Mlima Meru. Nilimjibu kwa hesabu.

Katika mbio za nyika za vyuo vya Marekani, timu hupeleka wakimbiaji saba, na nafasi za watano wanaotangulia hujumlishwa. Jumla ndogo ndiyo ushindi. Timu ikitwaa nafasi zote tano za mbele hupata 15. Novemba 1981, huko Wichita, Kansas, Chuo Kikuu cha Texas cha El Paso kilipata 17, kikawa bingwa kwa mara ya nne mfululizo. Miaka ile timu zake zilitegemea sana vijana wa Afrika. Watanzania Suleiman Nyambui, Zakaria Barie na Gidamis Shahanga walisoma hapo. Shahanga ni wa Katesh, iliyokuwa bado katika Mkoa wa Arusha.

Shahanga twamkumbuka kwa dhahabu ya marathoni ya Edmonton, 1978, na Nyambui kwa fedha ya Moscow, 1980. Ni haki yao. Lakini mtu wa tano akilegea kidogo tu, wapinzani ishirini humpita, na hata mwenzake awe wa kwanza, kombe limekwenda. Yeye nani humtaja?

Basi mashindano ya vijana wa parokia mwaka huu hayatakuwa na zawadi ya mtu mmoja. Kila kigango kilete saba, tutahesabu watano. Viatu si lazima.