Kabla ya Mgeni Rasmi

Rika langu, sisi tuliozaliwa miaka ya mwanzo ya 1950 huku Kigera, Musoma, tuna kesi ya kudumu na vijana. Tunasema wameua sanaa. Hawajui ngoma, hawajui mafumbo, kazi yao kuimba mapenzi tu, simu mkononi. Kila nikikaa na wenzangu kesi hii hufunguliwa upya, na kila mara hukumu ni ile ile. Mimi nadhani mshitakiwa siye.

Tuanze na kokoro. Ni wavu mrefu unaozungushwa majini kwa mtumbwi, kisha kamba zake mbili zinavutwa kutoka ufukweni, kundi la watu kila upande. Wa kulia wakivuta kuwazidi wa kushoto, wavu unapinda na samaki wanapata mlango. Kilichowalinganisha ni wimbo. Mmoja anaanzisha, wengine wanaitikia huku wakirudi nyuma hatua moja moja kwa pamoja, visigino vikizama mchangani. Asiyejua kuimba hakupewa kuongoza, hata kama wavu ni mali yake. Na mwimbaji mzuri alichomeka habari za kijiji humo humo: nani amekopa mbuzi akajifanya amesahau, nani amerudi kutoka Mwanza na suruali mpya bila nauli ya kurudia. Mhusika mara nyingi alikuwa pale pale ameshika kamba. Alicheka na wenzake akavuta, maana angefanyaje? Mbuzi wa watu alirudishwa wiki hiyo hiyo.

Leo kokoro limepigwa marufuku, na kwa sababu ya haki kabisa, kwani lilikomba hadi vichanga wa samaki na kuharibu mazalia. Nyimbo zake zimekwenda nalo. Hakuna kijana aliyeziua. Zilikuwa sehemu ya kazi, na kazi ilikwisha.

Msibani nako kulikuwa na sanaa ya namna hiyo. Nikiwa mtoto palikuwa na jirani yetu Mkurya mwenye litungu, lile zeze kubwa la nyuzi nane, tumbo lake limewambwa ngozi, nyuzi za kano za ng'ombe. Siku hizi wanafunga nailoni ya kuvulia, na sauti si mbaya. Mzee yule alipigia maiti wa kabila lolote, lakini kwanza alizunguka kuulizia: marehemu alilima wapi, aligombana na nani, alisaidia nani. Usiku akaimba alichokusanya. Nakumbuka bibi mmoja alimkatiza katikati ya sifa, akamwambia, "Hapo umedanganya, baba. Shamba lile hakulipa." Mpigaji hakukasirika. Alirudi nyuma, akaimba upya kipande kile na deni likiwemo, na watoto wa marehemu wakajua wana kazi ya kufanya kabla ya kurithi. Hakuna aliyepiga makofi. Ujira wake ulikuwa chakula, pombe na heshima ya kuitwa tena.

Kisha akaja mgeni rasmi.

Nia ilikuwa njema, hilo sina ubishi nalo. Tarehe 10 Desemba 1962 Mwalimu Nyerere, akilihutubia Bunge kama Rais, alitangaza wizara ya utamaduni wa taifa na vijana, akasikitika kwamba waliosoma walijua dansi za Wazungu huku ngoma za kwao wakizionea aibu. Baada ya Azimio la Arusha la 1967, Mathias Mnyampala akaziandika ngonjera za kulieneza, na shule zikazipokea. Sisi ndio tulikuwa watoto wa ngonjera. Tulikariri ubaya wa unyonyaji na uzuri wa pamba kwa sare za kaki na sauti za kukauka. Na TANU ilipokutana hapa mjini Novemba 1974 ikatoa Azimio la Musoma, kuhusu elimu na kazi, tulikwisha kuwa watu wazima wenye vikundi vyetu vya ngoma vya kuwapokea viongozi.

Ngoma ilibadilika kwa jambo moja ambalo hatukuliona. Zamani wachezaji walizungukwa. Sasa walipangwa mstari, nyuso zimeelekea jukwaa kuu, na wanakijiji wakabaki nyuma wanaona migongo. Dakika zilipimwa. Maneno yalitoka ofisini. Mtu wa kusema "hapo umedanganya" hakuwa na mahali pa kusimama, na mwimbaji hakuwa tena na sababu ya kuzunguka kuulizia. Aliyemuita alikuwa ofisa, na ofisa alikwisha kumwambia cha kuimba. Hili lilifanywa na rika langu, kwa bidii na kwa uzalendo, miaka mingi kabla simu ya kwanza haijaingia Kigera.

Ajabu ni kwamba Mwalimu mwenyewe, mtu wa Butiama hapo, sanaa yake binafsi hakuifanya hivyo. Mwaka 1963 ilitoka tafsiri yake ya *Julius Caesar* wa Shakespeare, na 1969 *Mabepari wa Venisi*. Uzeeni, 1996, akatoa Injili kwa tenzi. Rais wa nchi changa, na usiku anahangaika na mizani ya mstari! Aliyemtuma hapo ni nani kama si mapenzi ya lugha?

Ukivuka kwa kivuko cha Kisorya kule Bunda unafika Ukerewe, kwa Aniceti Kitereza. Yeye alimaliza riwaya yake ya Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka mwaka 1945, kwa Kikerewe, ili wajukuu wajue wazee waliishije. Haikupata mchapishaji. Akaitafsiri mwenyewe kwa Kiswahili, ikachapwa na Tanzania Publishing House mwaka 1980. Alifariki 1981 bila kukishika kitabu chake mkononi. Hakuwahi kuwa na jukwaa kuu, na kitabu chake bado kinasomwa. Mapambio yetu ya mapokezi hata sisi tulioyaimba tumeyasahau.

Kuna kijana mtaani kwetu ana studio: chumba kimoja, kompyuta, kuta zimebandikwa trei za mayai kuzuia mwangwi. Alinifuata akitaka nimwimbie nyimbo za kokoro aziwekee biti. Nikamwambia sawa. Akauliza, "Babu, unataka shilingi ngapi?" Mwenzangu niliyekuwa naye alichukia, akaona mila inauzwa. Mimi nilifurahi. Sisi tulicheza juani kuanzia asubuhi tukalipwa soda, tukaita hiyo ndiyo heshima. Kijana anayejua kazi ina bei ametuzidi akili, na Sheria ya Hakimiliki ya 1999 iko upande wake.

Ninachomhofia ni kingine. Wasikilizaji wake elfu kadhaa hawamjui, naye hawajui. Akiimba uongo juu ya Kigera, mtu wa Mombasa au Muscat atajuaje? Anahesabiwa, hakosolewi. Na wa kumkosoa ni sisi, ambao tumezoea kukaa nyuma ya migongo.

Hivi karibuni tulizika mtu mmoja hapa. Spika kubwa, mshereheshaji wa kukodi, na wimbo wa kutengenezwa studio wenye jina la marehemu. Ukamsifu kwamba mlango wake haukufungwa kwa mgeni. Sisi sote tulijua ulifungwa, na kwa nani, na usiku gani wa mvua. Wazee tulikuwa wengi pale. Tukanywa chai.

Basi wenzangu, kabla hatujafungua tena ile kesi yetu, tufanye mawili. Twende studio tuwape vijana nyimbo tulizonazo, na bei tuichukue. Na siku mwimbaji akidanganya msibani kwetu, tumkatize pale pale, spika zikiwa zinasikika.