Paris ya Julie Delpy, Kwa Miguu na Mwenzi Wako

Wapo wanaokwenda Paris fungate, wakapiga picha chini ya Mnara wa Eiffel, wakarudi nyumbani. Si vibaya. Lakini kama mna alasiri moja ya ziada, anzieni mtaa wa Bûcherie namba 37, mkabala na kanisa la Notre-Dame. Hapo lipo duka la vitabu la Shakespeare and Company, limejaa vitabu hadi darini. Ndipo Julie Delpy, akiigiza Celine, anapomtokea tena Jesse (Ethan Hawke) katika Before Sunset ya mwaka 2004, miaka tisa tangu waachane Vienna.

Wanachofanya baada ya hapo ni kutembea na kuongea tu, kama dakika 80. Hakuna bastola wala busu la kwenye mvua. Na maneno yale yanachoma, kwa sababu mengi yameandikwa na wenyewe wanaoyasema.

Hapa pana stori ambayo dada zetu wa maofisini wataielewa upesi. Delpy ni mtoto wa Paris, kazaliwa 1969, baba na mama wote waigizaji. Akiwa bado kigoli, Jean-Luc Godard alimpa nafasi katika Détective, iliyotoka 1985. Baadaye akavuka bahari kusomea filamu New York. Basi walipotengeneza Before Sunrise (1995) kule Vienna, yeye na Hawke waliandika upya sehemu kubwa ya mazungumzo, ila majina yao hayakuwekwa kama waandishi. Na mshiko je? Mwenyewe amesema hadharani kwamba Hawke alilipwa kama mara kumi yake! Filamu ya Paris ndiyo ya kwanza kati ya hizo kumtaja kama mwandishi, ikateuliwa hata kuwania Oscar ya uandishi. Malipo, anasema, yalikuwa kama nusu ya mwenzake. Ilipofika Before Midnight (2013), iliyopigwa Ugiriki, akaweka wazi: hela sawa au mtafute mwingine. Akalipwa sawa.

Tuendelee na safari. Kwenye filamu wanakata kona mbili tatu, tayari wako mgahawani. Msidanganyike. Le Pure Café ipo mtaa wa Jean-Macé, wilaya ya 11, ng'ambo ya mto Seine, na kwa miguu ni zaidi ya nusu saa. Pandeni treni ya chini ya ardhi mshuke Charonne. Kaunta yake imepinda kama kwato ya farasi, na kahawa mnaweza kuinywa taratibu, hakuna wa kuwafukuza.

Kisha tafuteni Coulée verte, bustani iliyopandwa juu ya reli ya zamani. Treni ziliacha kupita 1969, mwaka uleule aliozaliwa Delpy. Mnatembea juu ya matao ya matofali, maua huku na huku, madirisha ya watu usawa wa macho yenu. Kwangu mimi hapa panashinda Eiffel kwa mbali, maana hakuna foleni na mnasikilizana.

Boti za Seine zipo nyingi. Wakiwa kwenye boti, Celine anamwambia Jesse kwamba hata Notre-Dame ipo siku haitakuwepo. Aprili 2019 paa lake liliungua, na waliokuwa wameiona filamu walishtuka. Kanisa lilifunguliwa tena Desemba 2024.

Mwisho ni Cour de l'Étoile d'Or, ua wa zamani katika barabara ya Faubourg Saint-Antoine, namba 75. Watu wanaishi humo, kwa hiyo sauti chini, na geti likiwa limefungwa msilazimishe. Katika filamu, nyumba ya Celine iko ndani ya ua huo, na humo anachukua gitaa na kumwimbia Jesse waltz aliyoitunga Delpy mwenyewe. Kabla ya kupanda ngazi wanapita majirani wanaoandaa chakula nje. Yule baba na yule mama ni wazazi wake halisi, Albert Delpy na Marie Pillet. Mwaka 2007 aliwaita tena waigize wazazi wake katika 2 Days in Paris, filamu aliyoiandika, kuiongoza, kuihariri na kuitungia muziki. Mama alifariki 2009. Katika 2 Days in New York ya 2012, baba anakuja kumtembelea bila yeye.