Pembe au Pimbi? Somo la Mzaha kutoka Tungue

Ghuba ya Tungue iko kusini ya mdomo wa mto Ruvuma, nao mji wa Palma umekaa ukingoni mwake. Mwaka 1887 Wareno waliitwaa pwani hiyo kutoka kwa Sultani wa Unguja, lakini Kiswahili hakikuondoka. Chasemwa huko hadi leo, pamoja na Kimakwe, Kimwani na Kimakonde.

Katika karne ya 19 wakuu wa pwani hiyo ya Kabo Delgado waliwaandikia Wareno kwa Kiswahili, kwa hati ya Kiarabu. Hati hiyo yamfaa sana ajifunzaye kuandika vichekesho. Kwa desturi ya zamani alama moja ilitumika kwa “i” na “e”. Hivyo “pembe” na “pimbi” ziliandikwa sawasawa. Tajiri aliyeagiza pembe za ndovu angeweza kuletewa pimbi!

Siri ya kichekesho ni hiyo: msomaji atazamie pembe, na pimbi atokee mwishoni kabisa. Akitajwa mapema, kicheko hufa.

Lakini mtani ana uso na sauti, karatasi haina. Palma ilishambuliwa tarehe 24 Machi 1921 + 100, yaani 2021, na maelfu wakakimbia makwao. Mwandishi wa mzaha na apime kwanza: anamcheka tajiri mwenye tamaa, au mkimbizi aliyefiwa? Wahenga walikwisha kuonya: mzaha mzaha hutumbua usaha.