Jiwe la Kyber Halizaliwi Jekundu

Wasee, leo hakuna story ya nani angeshinda, Vader ama Yoda. Hiyo tuliongea wiki jana na mkanitukana vya kutosha. Leo nataka tuongee kuhusu jiwe. Halafu kuhusu ile video yangu ambayo wengi wenu ndiyo iliwaleta hapa.

Kama hujawahi kutazama Star Wars, kaa hapa nikueleze. Ule upanga wa mwanga hauendeshwi na betri peke yake. Ndani yake kuna fuwele inaitwa kyber. Ni adimu, inatoka sehemu chache kama Ilum na Jedha, na iko karibu kama kitu chenye uhai. Jedi haendi kuichagua kama mtu anachagua viatu Gikomba. Jiwe na mwenyewe wanaitana. Mtoto anayefunzwa anaingia pango la barafu kule Ilum, na lazima kwanza akutane na udhaifu wake ndiyo alipate.

Kuna episodi ya The Clone Wars ya mwaka 2012, The Gathering. Gungi, yule Wookiee mdogo, analiona jiwe lake ng'ambo ya ziwa na inabidi akae tu, asubiri maji yagande. Petro naye ni wa kiherehere. Anashika lake haraka, anajigamba, kumbe ni kipande cha barafu. Linamyeyukia mkononi.

Mimi ni Petro, bila ubishi.

Sasa, mbona wabaya wana panga nyekundu? Hapa ndipo story inanimaliza. Hakuna pango lenye kyber nyekundu. Sith anachukua jiwe la Jedi, mara nyingi baada ya kumuua, halafu analimiminia hasira, uchungu na chuki mpaka jiwe linashindwa kuvumilia. Linageuka jekundu. Wanasema limetokwa na damu. Na cha kushangaza, bado linafanya kazi. Linakata vilevile. Ukiangalia kwa mbali, hata linapendeza kuliko yale mengine.

Mnajua niliacha kampasi mwaka wa pili. Mnajua kwa sababu nilitengeneza video nikiwaambia. Nilisema kuna lekcha alinikazia maksi, hakunipenda, akaniangusha makusudi, na mfumo mzima ukaniangusha pamoja naye. Nililia kwenye hiyo video, na machozi yalikuwa ya ukweli. Ilitazamwa na watu zaidi ya laki nne. Kabla ya hapo, video zangu zilikuwa zinatazamwa na binamu zangu na msee mmoja wa Kisumu.

Ukweli ni huu. Sikufanya CAT mbili. Darasa lake lilikuwa saa mbili asubuhi, na mimi nilikuwa nalala saa kumi alfajiri nikiediti video. Aliniita ofisini mara moja akaniuliza kama niko sawa nyumbani. Nikamwambia niko sawa. Akanipa wiki moja nilete kazi. Sikuleta.

Sikumtaja jina, na hilo ndilo nililojifichia muda wote. Lakini nilitaja kozi, nikataja mwaka, nikaiga vile anaongea. Nyinyi si wajinga. Ndani ya siku mbili watu walikuwa wameipata akaunti yake, wanamwandikia vitu siwezi kurudia hapa. Niliona. Nilisoma komenti moja moja nikiwa kwa kitanda. Na sikutoa video, kwa sababu mwezi huo ndio mara yangu ya kwanza kulipa rent bila kumpigia mathe simu.

Uchungu ulikuwa wangu kweli. Kuacha shule kuliniuma, na bado kunaniuma nikiona wenzangu wamevaa joho. Lakini niliuchukua wote nikaumwaga kwa mtu ambaye kosa lake lilikuwa kuniuliza niko sawa. Video ikawaka nyekundu, ikakata.

Ahsoka Tano, kwenye kitabu kinachoitwa kwa jina lake cha mwaka 2016, anachukua mawe mawili mekundu kutoka kwa adui aliyemshinda. Anayaponya. Lakini hayarudii rangi yaliyokuwa nayo zamani. Yanakuwa meupe. Kwa miaka nilidhani hiyo ni mtindo tu, panga nyeupe ni kali. Siku hizi nadhani yalibaki hivyo kwa sababu ya yale yaliyoyapata.

Jana usiku nimeitoa ile video. Nimemwandikia mwalimu barua pepe, aya nne, bila kusema "lakini" hata mara moja. Hajajibu, na hana deni langu. Kuna pesa nitakosa mwezi huu, na kuna wale mtaondoka kwa sababu mlinipenda nikiwa na hasira. Sawa.

Kama uliihifadhi kwa simu yako, tafadhali usiitume tena. Na kama uliwahi kumwandikia tusi yule mwalimu kwa ajili yangu, lifute. Ulidanganywa, na aliyekudanganya ni mimi.

Jumapili nilienda nyumbani nikamwambia mathe story yote. Nilitarajia makelele, kwa sababu fees ya ile semesta aliitoa kwa mkopo wa chama. Alikuwa anachambua sukuma, hakuinua kichwa. Aliniuliza kitu kimoja tu.

"Huyo mwalimu ana watoto?"

Nikamwambia sijui, Mama.

"Basi nao waliona," akasema, akaendelea kuchambua.