Kwa Nini Tulinunua Benzi ya 1991

Tangu tuweke ile picha ya gari kwenye ukurasa wetu, maswali hayajaisha. "Nyie wakimbizi, Benzi mmeitoa wapi?" "Shirika gani limewapa?" "Kwa nini hamkununua Toyota kama watu wote?" Mzee mmoja jirani yetu hapa Kinanira alicheka akatuita Wabenzi, lile jina ambalo watu wa Afrika Mashariki waliwabandika vigogo baada ya uhuru, waliokuwa wakipita ndani ya Mercedes huku raia wako kwa miguu. Basi leo tunajibu wote kwa pamoja. Ni ndefu kidogo, mtuvumilie.

Kwanza, si msaada. Ni likirimba. Tuko watu 9, wengi tumetoka Uvira, Baraka na milima ya Fizi, na 2 wamezaliwa hapahapa Burundi. Miaka 4 kila mmoja aliweka kidogo kila mwezi: anayesuka nywele, anayefundisha watoto wa watu Kifaransa, anayeuza mandazi, anayetengeneza simu. Sanduku lile lilikuwa na kazi moja, kumsindikiza anayeondoka. Ukiitwa kwa safari ya Marekani unahitaji nguo, begi, na kulipa deni la dukani ili usiondoke kama mwizi.

Halafu tarehe 20 Januari 2025 ikatiwa saini amri ya kusimamisha mpango wa Marekani wa kupokea wakimbizi, ikaanza kufanya kazi tarehe 27. Kati yetu 3 walikuwa wameshamaliza mahojiano. Mmoja alikuwa ameshagawa sufuria zake. Hatutaandika sana juu ya wiki zile. Kilichobaki ni sanduku lililojaa na hakuna wa kuondoka.

Wengine walisema tugawane. Lakini faranga za Burundi ukizilaza usiku, asubuhi zimepungua. Tukakubaliana tununue kitu kitakachofanya kazi hapa. Ndugu zetu wa mashirika, tunajua mngetushauri sabuni au cherehani. Sabuni tumefundishwa mara 2, asante sana. Sisi tuliangalia barabara. Kila Jumamosi Bujumbura misafara ya harusi inapita, na familia inayooza inakodisha gari la kumbeba bibi harusi. Ukiwa na gari yenye sura, siku moja ya harusi inazidi wiki nzima ya kusuka nywele.

Sasa, gari gani? Toyota kila mtu anaitaka, kwa hiyo bei yake haishikiki. Kwa pesa zetu, Corolla tuliyoweza kupata ilikuwa imechoka kuliko sisi. Gari ya Kijerumani ya zamani watu wanaiogopa, na kwa kuwa wanaiogopa inauzwa bei ya chini. Kwenye harusi lakini hakuna anayeiogopa. Kuna na jambo lingine: Burundi tunaendesha upande wa kulia, ila gari za Japani zinazopitia bandari ya Dar es Salaam zina usukani kulia pia, dereva akitaka kupita lori inabidi abiria amwambie kama njia ni nyeupe. Benzi iliyokuja kutoka Ubelgiji ina usukani kushoto, mahali pake.

Swali gumu lilikuwa: itadumu? Hapo ndipo tulipokwenda Buyenzi.

Asiyejua Bujumbura tumwambie kwamba Buyenzi ndio mtaa wa Waswahili, na ndio hospitali ya magari ya mji huu. Ukizunguka barabara zake utakuta mtu anayejua giaboksi tu, mwingine redieta tu, mwingine anauza taa za gari ambazo hata kiwandani zimesahauliwa. Huko tuna fundi wetu, mzee mwenye umri wa baba zetu, na yeye alitukatalia kabisa kuanza kwa kuangalia gari. "Wanangu, andikeni kwanza vipuri 10. Vile vinavyoisha kila mara: filta, breki, shokapu, pampu ya maji, gasketi ya silinda, na kadhalika. Mzunguke muulize bei. Gari ambayo vipuri vyake haviko hapa, hata ikiwa mpya, imeshakufa."

Tulizunguka siku 2. Kwa BMW ya mwanzoni mwa miaka ya 2000 tulipata vipuri 2 kati ya 10, na kimoja mwenye duka mwenyewe hakuwa na hakika nacho. Kwa Mercedes ya umbo lile la mraba, ambayo mafundi wanaiita 124, tulipata 7, vingi vimetolewa kwenye gari zilizokufa lakini vizima. Gari hiyo ilianza kutengenezwa 1984 na sedani zake zikaendelea mpaka 1995, zaidi ya milioni 2 kwa jumla, ndiyo maana mabaki yake yamesambaa dunia nzima mpaka kwenye mabanda ya Buyenzi.

Hata hivyo tuliangalia gari 4. BMW ilikuwa nzuri mpaka inaumiza, lakini mfumo wake wa kupozea injini una sehemu nyingi za plastiki, na joto la huku chini ziwani si la mchezo. Passat ilikuwa na mkanda wa injini ambao hakuna aliyejua ulibadilishwa lini. Mkanda ule ukikatika, valvu na pistoni zinagongana, injini kwisha. Mwenye gari alitujibu, "Mtangulizi wangu aliubadilisha." Mtangulizi huyo yuko wapi? "Alihama." Tukamsalimia tukaondoka. Ya tatu ilikuwa Benzi ndogo ya 2004 yenye kompresa. Ilipowashwa ikiwa baridi ilitoa mlio wa cheni iliyolegea, kama mtu anatikisa sarafu kwenye kopo, na mzee wetu hata hakufungua boneti.

Ya nne ilikuwa 200 D ya 1991, nyeupe, ya mazutu. Injini yake ina silinda 4, haina turbo, na vali zake zinaendeshwa kwa cheni badala ya mkanda. Nguvu zake ni farasi 75 hivi. Yaani haina haraka. Fundi alipenda mwaka wake pia: baadhi ya 124 za miaka ya mwisho, kuanzia kama 1992, zilitoka na nyaya za injini ambazo ganda lake linakauka na kumomonyoka, na kuzitengeneza ni kilio.

Tulimwomba mwenye gari asiiwashe kabla hatujafika. Hili tunawaambia wote mnaotaka kununua gari: mfike, muweke mkono juu ya boneti. Ikiwa ina moto, mmeshafichwa kitu. Yetu ilikuwa baridi. Ikawaka baada ya sekunde chache, ikatoa moshi mweusi kidogo, basi. Moshi wa bluu ungesema inakula oili. Mweupe usioisha ungesema maji yanaingia ndani ya silinda. Fundi akafungua kifuniko cha oili akaangalia kama kuna utando wa rangi ya maziwa, hakuna. Akalala chini. Kwenye 124 kuna vifuniko vya plastiki pembeni, mahali pa kuingizia jeki, na nyuma yake ndipo kutu inapojificha. Akavitoa vyote 4. Cha mbele kulia kilikuwa na tundu la ukubwa wa sarafu. Mwenye gari akanyamaza. Tundu lile lilitupunguzia bei kuliko maneno yote tuliyokuwa tumeandaa.

Saa ya kilomita ilionyesha 214,000. Hatukuiamini wala kuikataa, tuliangalia pedali na kiti cha dereva: mpira wa klachi ulikuwa umelika mpaka chuma. Mmoja wetu akasoma kwenye simu habari za Gregorios Sachinidis, dereva teksi wa Thessaloniki, Ugiriki. Alinunua Mercedes 240 D ya 1976 ikiwa imeshatumika, akaifikisha kilomita milioni 4.6, na mwaka 2004 ikapelekwa makumbusho ya kampuni kule Ujerumani. Tukafurahi kweli, kama vile ni ndugu yetu. Mzee fundi alisikiliza mpaka mwisho, akauliza kitu kimoja tu: "Huyo Mgiriki, vipuri alikuwa anatoa wapi?" Tukaendelea kusoma. Kumbe alikuwa na injini zaidi ya moja, akizipokezana, hii ikifunguliwa kwa matengenezo ile inafanya kazi.

Kwa mji wetu kuna kitu ambacho hamtakisoma popote. Miaka hii ya uhaba wa mafuta, gari yenye kilomita chache si lazima iwe imetunzwa. Inaweza kuwa imelala uani miezi 6 ikingoja esansi au mazutu. Gari inayolala inakauka mipira, tangi linashika maji na kutu, tairi zinapata umbo la sakafu. Tulimuuliza mlinzi wa nyumba, si mwenye gari: hii inatoka mara ngapi? Akasema kila Jumapili inakwenda kanisani. Ilitutosha.

Kisha tukaijaribu mlimani. Kutoka Musaga barabara ya Ijenda inapanda bila kupumua, na ndiyo dawa ya kujua kama gari inachemka. Ndani tulikuwa watu 5. Lori tupu lilitupita, na vijana wa baiskeli walioshikilia nyuma yake wakatupungia mkono. Aibu tuliimeza. Mshale wa joto ulipita 80, ukafika kama 95, ukatulia hapo. Tulipogeuza kurudi, fundi akasema, "Injini ni nzima."

Tulipofika chini tukazima. Haikuzima. Ufunguo uko mkononi mwa dereva na injini inaendelea kunguruma kama haijasikia. Mwenye gari akajikaza kucheka: "Hii imewapenda." Mzee akafungua boneti, akabonyeza kijiti kilichoandikwa STOP, ikanyamaza. Akatueleza kwamba dizeli hizi za zamani zinazimwa kwa mvuto wa hewa: ukigeuza ufunguo, hewa inavutwa kwenye bomba dogo na kukata mazutu kwenye pampu. Bomba likipasuka, injini haipati habari. Kufunga milango yote kwa pamoja nako kunafanywa kwa hewa, ila kwa pampu yake ya umeme na mabomba yake, na milango ya nyuma ilikuwa haijifungi. Kasoro 2, mipira ya bei ya chakula cha mchana. Hapo hata waliokuwa wanasita wakakubali. Bei yenyewe tunaiweka kwetu, samahani.

Kilichotuchukua muda kuliko yote ni karatasi. Karte roze haina nafasi ya majina 9, iko kwa jina la mmoja wetu. Kwa hiyo tuliandika mapatano yetu wenyewe, kwa Kiswahili na Kifaransa, mbele ya wazee 2 wa mtaa. Wanaouliza kama mkimbizi ana haki ya kuwa na mali: Mkataba wa Geneva wa 1951, ibara ya 13, unasema juu ya mali ya mkimbizi, inayohamishika na isiyohamishika, kwamba asitendewe vibaya kuliko wageni wengine walio katika hali kama yake, na Burundi imo ndani ya mkataba huo tangu 1963. Mapatano yetu yanasema hivi: anayeondoka, awe anakwenda Ulaya au anarudi Kongo, analipwa sehemu yake, moja ya tisa, kwa bei ambayo fundi atakadiria siku hiyo. Kuiuza gari kunahitaji sauti 7. Tulibishana usiku 3 juu ya mstari mmoja: miaka. Tuandike kwamba tutaitunza miaka mingapi? Mmoja alisema 2, kwa sababu huenda Marekani ikafungua. Mmoja alisema 10, akanyamaza, na watu wote wakamwangalia kana kwamba ametukana. Amezaliwa kambini Gasorwe, huyo. Ana miaka 21. Tuliandika 10.

Mpaka leo tumebeba maharusi 11 na kupeleka mahari mara 4. Mabomba ya mvuto yamebadilishwa, inazima, milango inajifunga. Shokapu za nyuma bado zinangoja pesa. Waipa yake ni moja tu katikati ya kioo, watoto wa Kinanira wanasimama kuiangalia mvua ikinyesha. Na kabla hamjauliza: ndiyo, tunajua kwamba Ulaya kuna watu waliowahi kuendesha dizeli hizi kwa mafuta ya kupikia. Bei ya mawese sokoni mnaijua wenyewe.

Mwezi uliopita mmoja wa wale 3 amepata njia ya kwenda Kanada, kupitia dada yake. Ndiye wa kwanza kuyajaribu mapatano. Fundi alikuja akaizunguka gari, akataja bei, na kwa jinsi faranga ilivyoshuka bei hiyo imekuwa juu kuliko tuliyonunulia. Kumlipa kwa mkupuo hatuwezi. Tumekubaliana naye kwamba harusi zote mpaka siku yake ya ndege ni zake. Jumamosi hii ni Kinindo, Jumamosi ijayo ni Gihosha, na huko Gihosha wanataka utepe mwekundu. Mazutu iliyomo kwenye tangi ni lita 14.