Mahakama ya saa nane usiku

Siku chache baada ya arobaini ya baba yake, kijana wa miaka 14 alikuwa sebuleni na kompyuta ya binamu yake, akitazama Loki, tamthilia ya Marekani iliyoanza kuonyeshwa mwaka 2021. Mama yake alikuwa pembeni akikunja nguo. Akagundua kwamba mtoto amerudia kipande kilekile mara ya tatu.

"Unaangalia nini hicho kisichoisha?"

"Mahakama, Mama. Wanahukumu watu waliovuruga wakati."

Mama akaweka shuka chini, akasogea. Kwenye kioo alisimama Loki, mungu mjanja anayechezwa na Tom Hiddleston, mbele ya hakimu anayeitwa Ravonna Renslayer. Kijana akaeleza. Kuna mamlaka inayolinda mstari mmoja wa wakati. Kila mtu ana njia aliyopangiwa. Ukitoka nje ya njia hiyo, hata kwa bahati mbaya, askari wanakuja kukukamata na unashitakiwa kwa kuharibu wakati. Loki anajaribu kutumia uchawi wake, haufanyi kazi humo ndani. Anajitetea kwamba wapo wengine waliorudi nyuma kwenye wakati na hawakukamatwa. Hakimu anamjibu kwamba hao ilipangwa wafanye vile, yeye haikupangwa.

"Sasa yeye angejuaje kilichopangwa?" mama akauliza.

"Hawezi kujua. Wanaojua ni wao tu."

Mama hakujibu. Mahakama ya namna hiyo alikuwa anaifahamu. Ilikuwa inakaa kila usiku chumbani kwake, na mshitakiwa ni yeye.

Mume wake alifariki kwa kiharusi. Asubuhi ile, saa kumi na mbili, aliamka mdomo umepinda upande mmoja na maneno hayatoki vizuri. Mkono wa kulia hauinuki. Mke akadhani ni uchovu, akamchemshia chai. Baadaye akampigia shemeji yake, akatafuta hela, akasubiri bajaji. Walifika hospitali saa tatu. Siku ya nne mgonjwa akafariki.

Kwenye matanga, dada wa marehemu alimwuliza mbele ya watu, "Wifi, mlikuwa mnasubiri nini?" Swali lilikuwa moja tu, tena la mtu aliyefiwa, lakini lilibaki. Kila usiku alirudi kwenye ile chai. Laiti asingeichemsha. Laiti angetoka saa ileile. Aliirudisha saa nyuma mara nyingi kuliko wachawi wote wa kwenye filamu, na kila mara ilifika palepale.

Kwamba kiharusi ni ugonjwa wa kukimbizana na saa, hilo ni kweli. Pale mshipa wa ubongo unapozibwa na damu iliyoganda, dawa ya kuiyeyusha hutolewa ndani ya saa nne na nusu tangu dalili zianze, na ni baada ya kipimo cha CT kuthibitisha kwamba mshipa haukupasuka. Mgonjwa akiamka tayari ana dalili, madaktari kwa kawaida huhesabu tangu mara ya mwisho alipoonekana mzima. Ndiyo maana uso kupinda, mkono kulegea au maneno kuvurugika ghafla si mambo ya kusubiri hata kikombe cha chai.

Lakini kujua hayo leo hakumaanishi kwamba mtu aliyajua asubuhi ile. Mwaka 1975 mwanasaikolojia Baruch Fischhoff alichapisha utafiti ulioonyesha kwamba watu wakishaambiwa tukio liliishaje, huliona kana kwamba lilikuwa wazi tangu mwanzo. Wafiwa wengi wanajihukumu hivyo. Anayeketi kwenye kiti cha hakimu ameshauona mwisho, na anayesimama kizimbani ndiyo kwanza anaamka.

"Kuna mwingine anaitwa Sylvie," kijana akaendelea. "Huyu walimkamata akiwa mtoto mdogo, anacheza na midoli kwao. Akawatoroka, akakua anajificha. Siku anakutana tena na yule hakimu, akamwuliza, kosa langu lilikuwa nini?"

"Akamjibu nini?"

"Kwamba hakumbuki."

Kijana akafunga kompyuta. Akainamisha kichwa.

"Mama, usiku ule Baba aliamka. Saa nane. Nilisikia kikombe kimeanguka jikoni. Nikamsikia anaongea peke yake, maneno kama ya mlevi. Nikajua ana usingizi. Nikajifunika shuka."

Mama akabaki kimya. Wiki sita alidhani mshitakiwa ndani ya nyumba ni mmoja. Kumbe ukutani, upande wa pili, kulikuwa na kesi nyingine ya saa nane usiku, na mtoto anajitetea peke yake bila wakili.

"Ulikuwa unajua kiharusi ni nini?" akamwuliza.

"Hapana."

"Ungejua ungelala?"

"Nisingelala, Mama. Ningekuamsha."

"Basi, mwanangu. Huna kesi."

Kijana akalia, kwa mara ya kwanza tangu mazishi. Mama akamshika kichwa, akamwacha alie. Maneno yale yalipokwisha kutoka mdomoni mwake, akayasikia na yeye. Naye ile asubuhi hakujua. Angejua asingechemsha chai.

Wahenga walisema majuto ni mjukuu, na mjukuu huja nyumbani bila kubisha hodi. Akishafika asiachwe kulala na watoto gizani. Baada ya msiba watu wazima huulizana maswali mazito wakidhani watoto hawasikii. Wanasikia, na mara nyingi hujaza wenyewe jibu, kwamba kosa ni lao. Kuwauliza wanakumbuka nini kuhusu siku ile ni jambo la dakika chache.

Jumamosi iliyofuata mama alimwita wifi yake. Walikunywa chai, wakaongea, wote wawili wakalia. Kisha wakatoka watatu pamoja na kijana kwenda zahanati kupima presha, maana presha ya juu ndiyo kisababishi kikubwa cha kiharusi, na mtu anaweza kukaa nayo miaka bila kuumwa popote. Ya mama ilikuwa sawa. Ya wifi ilikuwa juu, na hakuwa na habari. Alianza dawa siku hiyohiyo, na kijana ndiye anayempigia simu kila jioni.

"Shangazi, umeshameza?"